Ndoo Nyekundu

Wadogo zangu, najua wiki iliyopita niliahidi tuzungumzie chunusi. Wenye chunusi mnisamehe, zitatusubiri. Imeingia barua ambayo sikuweza kuiweka chini ya nyingine.

Aliyeiandika ni binti wa kidato cha pili, shule ya kutwa, hapa hapa Dar es Salaam. Walikuwa marafiki sita. Wana mti wao wa kukaa wakati wa mapumziko, wana grupu lao la WhatsApp, na picha ya grupu ni wao sita wamekumbatiana na sare zao. Likizo ikiwa katikati, asubuhi moja akakuta ametolewa. Hakukuwa na ugomvi wala matusi. Shule zilipofunguliwa wakamsalimia vizuri tu, "mambo", "poa", lakini akienda kukaa chini ya mti, ghafla kila mmoja anakumbuka daftari alilosahau darasani. "Dada," ananiuliza, "nimekosea nini?"

Mdogo wangu, nilipofika hapo niliikunja barua nikaenda kukaa barazani. Niliwahi kuulizwa swali hilo hilo, kwa sauti hiyo hiyo, na mimi nilikuwa upande wa wenye mti.

Nilisoma bweni. Maji yalitoka bomba moja, kuanzia saa kumi na moja alfajiri mpaka yatakapojisikia kukatika, na foleni ilikuwa ya ndoo. Unaweka ndoo yako usiku, unaenda kulala, alfajiri unaikuta mahali pake. Sheria hiyo matroni aliijua, kila mtu aliijua. Ila ndani yake kulikuwa na sheria nyingine. Kulikuwa na ndoo nyekundu yenye mfuniko. Hiyo hata ikiletwa dakika tano kabla bomba halijafunguliwa, ilikwenda mbele. Mwenyewe hakuisukuma hata siku moja. Tuliisogeza sisi, watu wake, na wale ambao ndoo zao zimelala hapo usiku kucha waliangalia pembeni. Hakuna aliyewahi kutuagiza.

Muhula wa pili akaja mgeni, amehamia kutoka Songea. Siku yake ya tatu alifika bombani akaikuta ndoo nyekundu mbele ya ya kwake. Akaiinua kwa adabu kabisa, akaipeleka nyuma, akasema, "Hii imepotea njia." Watu wakacheka. Kicheko kile ndicho kilichomponza. Kuanzia mchana ule tukamkaushia muhula mzima. Akikaa mezani kwetu bwaloni, tunamaliza kula haraka. Akiuliza kitu prepo, kila mtu ana kazi. Siku moja alinifuata nyuma ya jiko, mimi kati ya wote, nadhani kwa sababu nilikuwa na sura ya huruma. Akaniuliza: nimekosea nini? Nikamjibu, "Mbona hujakosea kitu," nikaondoka zangu. Jibu lenyewe lilikuwa la kweli, na sidhani kama lipo jingine ambalo lingemuumiza zaidi.

Miaka mingi baadaye nikakutana na vitabu vya Alexandra Robbins, mwandishi wa habari wa Marekani, nikaona kumbe kuna mtu mzima anayeishi kwa kazi ya kukaa kando ya bomba na kuandika nani anaisogeza ndoo. Kitabu chake cha 2002 kilihusu chama cha siri cha wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Yale, alikosoma yeye mwenyewe. Mwaka 2004 akatoa kingine kuhusu vyama vya wasichana wa vyuoni, vile vyenye majina ya herufi za Kigiriki, na humo alijichanganya nao bila kujitangaza. Mwaka 2006 akarudi kwenye sekondari yake ya zamani, Walt Whitman, huko Bethesda, jimbo la Maryland, kuwaangalia wanafunzi wanaokesha wakisaka alama. Kisha 2011 kikaja kile kilichonitoa barazani: The Geeks Shall Inherit the Earth.

Humo aliwafuata watu saba wa shule mbalimbali kwa mwaka mzima wa masomo. Kulikuwa na mpweke, mcheza gemu, mgeni shuleni, mpiga ala wa bendi ya shule, mpenda vitabu, yule wanayemwona wa ajabu, na staa, msichana wa kundi linaloogopwa. Mwaka ulipofika katikati Robbins akafanya jambo ambalo mhariri wangu angenifukuza kazi nikilifanya: akampa kila mmoja jaribio la kumtoa kwenye jina alilobandikwa. Hata staa alipewa la kwake, ajaribu kuishi nje ya kundi. Na mmoja wa wale saba, msomaji anakuja kugundua akiwa amekwenda mbali kitabuni, si mwanafunzi. Ni mwalimu. Nilicheka peke yangu ndani ya daladala mpaka konda akanitazama. Chumba cha walimu nacho kina mti wake, mdogo wangu. Waangalie vizuri wakati wa chai.

Robbins hakuwa wa kwanza. Cameron Crowe alikuwa na miaka 22, anaandikia jarida la Rolling Stone, alipoingia sekondari moja ya San Diego akijifanya mwanafunzi, na kitabu chake kikatoka 1981. Ila mimi nampenda zaidi Robbins wa 2011, ambaye wahusika wake walijua yeye ni nani na anaandika nini. Maana hii kazi ya kuona sheria haihitaji kujificha. Watu wanaisogeza ndoo mchana kweupe.

Sasa, yeye aliandika kuhusu sekondari za Marekani, ambako mwanafunzi anavaa nguo zake mwenyewe na kuchagua meza ya kulia. Wale wasio na meza yenye hadhi aliwapa jina lao kabisa, watu wa pembezoni mwa bwalo. Huko sheria inakaa kwenye nguo na kwenye kiti. Mliotazama filamu ya Mean Girls ya 2004 mnakumbuka kundi lile lilikuwa na siku yake ya kuvaa pinki. Ungedhani kwetu, tulio na sare moja, na shule nyingine nywele zimenyolewa zote, kazi hiyo imekwisha. Wapi! Sheria ya siri ni kama mchwa, inapita pale ambapo sheria ya wazi imeacha ufa. Sare ni moja, basi itakuwa soksi, zimevutwa juu au zimekunjwa. Itakuwa sweta, limevaliwa au limefungwa kiunoni. Itakuwa kilichomo kwenye tranka siku ya kufungua shule: kuna wa Milo na siagi ya karanga, na kuna wa bisi za mahindi zilizofungwa kwenye mfuko. Itakuwa nani alitembelewa siku ya wazazi, na aliyekuja alishuka kwenye nini. Itakuwa Kiingereza kinatokea puani au kooni. Hata jina la mgeni ni sheria: sisi tuna njuka, jirani zetu Kenya wana mono, na yote mawili yanakuonyesha pa kukaa kabla hujavuta kiti.

Kwetu sisi ilikuwa ndoo. Ninyi ni mti na grupu. Kwa hiyo swali lako, nimekosea nini, naomba uliweke pembeni kidogo, tulitafutie jingine. Ni sheria ipi niliyoigusa? Labda ulikaa karibu mno na mtu fulani. Labda ulipata alama kubwa kuliko yule ambaye hapaswi kuzidiwa. Labda uliingia grupu la pili bila kuaga la kwanza, au ulichelewa kucheka. Ukiwabana wale watano waitaje hiyo sheria, watababaika, kwa sababu hakuna aliyeiandika. Hapo ndipo kosa na sheria vinapoachana. Kosa unaliomba msamaha. Sheria ya namna hii ukiiomba msamaha umeipa nguvu.

Kuna jambo Robbins analirudia ambalo ningependa mlikate mlibandike kwenye jalada la daftari: staa wa shule si lazima awe mtu anayependwa. Mitch Prinstein, mwanasaikolojia wa Chuo Kikuu cha North Carolina, naye aliandika kitabu kizima juu ya hilo mwaka 2017. Ukiwauliza wanafunzi wa darasa moja, "Nani unapenda kukaa naye?" kisha ukawauliza, "Nani ni maarufu hapa?" unapata orodha mbili ambazo mara nyingi hazifanani. Ya pili imejaa watu wanaoonekana, wanaojulikana, wanaoweza kukufanyia jambo. Neno la Kiswahili cha mtaani lipo: wanaogopeka.

Nimejaribu kukumbuka kama nilimpenda mwenye ndoo nyekundu. Nakaa najiuliza, tulicheka nini pamoja? Sikumbuki kichekesho hata kimoja. Ninachokumbuka ni kwamba kabla sijacheka nilikuwa namwangalia usoni kwanza.

Na yeye je? Tulikutana ukubwani, kwenye kitchen party ya mtu, tukakaa meza moja na soda zetu. Nikamtania kuhusu ndoo. Hakucheka. Akaniambia siku zile za bweni hakuwa akilala vizuri, kwa sababu hakujua nani hasa aliamua ndoo yake isogezwe, na kila alfajiri alikwenda bombani akiogopa kwamba leo ataikuta palepale alipoiacha. Siku yule wa Songea alipoirudisha nyuma, alidhani ndiyo imefika. Nikabaki na mrija mdomoni. Tulimtenga binti wa watu muhula mzima kwa kumlinda mtu ambaye hakuomba ulinzi na ambaye alikuwa anatuogopa sisi.

Turudi kwenye kundi lako. Yupo mwanamke mwingine wa Marekani, Rosalind Wiseman, ambaye mwaka 2002 alitoa Queen Bees and Wannabes baada ya miaka ya kufundisha wasichana mashuleni. Mwaka huo huo Margaret Talbot akaandika makala juu ya kazi yake katika jarida la gazeti la New York Times, na kutoka kwenye kitabu hicho Tina Fey akaandika filamu niliyoitaja. Wiseman aliwagawia majina watu wa kundi. Kuna malkia wa nyuki. Kuna anayemfuata nyuma akibeba mkoba, ambaye sisi tunamwita chawa, na kwa hili Kiswahili kimemshinda Wiseman kwa mbali. Kuna anayepita kila kundi bila kumilikiwa na lolote. Na kuna mmoja ambaye nakuomba umtafute kati ya wale watano, yule Wiseman anayemwita mwenye benki. Huyu anapokea siri, anaziweka akiba, na siku ya kuzitoa zinatoka na riba. Ana sauti laini. Anakuuliza, "Lakini kiukweli wewe unamwonaje fulani?" Unajibu kwa uchovu wa usiku, saa nne na nusu, jibu lenye chumvi kidogo. Kesho picha ya skrini imeshafika kwa fulani, bila swali lililotangulia. Kama uliwahi kujibu swali la namna hiyo mwezi mmoja kabla ya kutolewa, nadhani tumeshapata mlango.

Halafu umeniandikia kwamba wanaweka status za mafumbo na una hakika ni zako. Hapo sihitaji kitabu cha Marekani, mimi ni mtoto wa pwani. Bibi zetu walifanya hivyo kwa kanga. Unanunua kanga yenye jina linalofaa, unaivaa, unapita taratibu mbele ya mlango wa jirani, hukusema neno, na jirani amesikia yote. Taarabu ikaja na mipasho, mtu anasimama anatunza pale pale mstari ulipomgusa adui yake. Status ni kanga ya vidole gumba, basi. Na sheria ya kijembe haijabadilika tangu enzi hizo: anayejibu amekubali kwamba ni chake. Kwa hiyo usijibu. Usiweke status yako ya kujibu, usiwatumie emoji, usimtume mtu. Tena ukiweza usizitazame kabisa, kwa sababu jina lako likionekana kwenye orodha ya waliotazama, dakika mbili baada ya kuwekwa, umeshapita mbele ya mlango wao.

Usiandike pia ule ujumbe mrefu wa usiku unaoanza na "Sijui kwa nini mnanifanyia hivi." Najua umeshauandika, uko kwenye simu unasubiri. Ufute. Na usirudi kwa njia ya uchawa, ya kuwanunulia mihogo na kachori wakati wa mapumziko. Watakula.

Ninachotaka ufanye ni kazi ya Robbins. Chukua daftari dogo, si la shule. Kwa wiki moja uwe mwandishi wa habari wa mti ule. Andika nani anafika kwanza na anakaa wapi. Nani anahamishwa mtu mwingine akifika. Akisema kitu malkia, nani anacheka kwanza, na nani anaangalia uso wake kabla ya kucheka. Nani anaongea sana malkia asipokuwepo. Usiandike hisia zako, zina daftari lao. Hili ni la macho. Nakuahidi ifikapo siku ya nne utaona jambo la ajabu: kwamba wale watano hawana raha kama ulivyodhani ukiwa ndani. Ukiwa ndani hukuona kwa sababu nawe ulikuwa na uso wa kuangalia. Na daftari hilo usimwonyeshe mtu. Likishikwa darasani utakuwa umejifungulia benki yako mwenyewe.

Kisha tafuta mtu mmoja. Mwaka 1951 mwanasaikolojia Solomon Asch alichapisha jaribio lililokuja kuwa maarufu sana. Unakaa na watu chumbani, mnaonyeshwa mstari, mnaulizwa kati ya mistari mingine mitatu upi una urefu sawa nao. Jibu liko wazi, hata mtoto analiona. Ila wenzako wote wamepangwa kutaja jibu la uongo kwa pamoja. Karibu theluthi ya majibu ya wale waliokuwa wakijaribiwa yalifuata uongo wa kundi. Lakini akiwekwa mwenzako mmoja tu anayesema ukweli, wanaofuata kundi wanapungua sana. Mmoja anatosha! Hahitaji kuwa staa, wala rafiki wa kufa na kuzikana. Anaweza kuwa yule wa dawati la nyuma anayechora pikipiki kwenye kila ukurasa. Pale bombani, kama mtu mmoja angesema, "Kweli bwana, imepotea njia," akaishika ndoo upande wa pili, sidhani kama tungekuwa na ubavu wa kufanya tuliyofanya.

Hapa nigombane kidogo na Robbins. Jina la kitabu chake linaahidi kwamba waliotengwa ndio watakaoirithi dunia, kwamba kile kinachokufanya uchekwe leo ndicho kitakachokupa kazi nzuri kesho. Kwa wengine imekuwa hivyo. Ila mimi siwezi kukuahidi. Yule wa Songea alihama shule mwisho wa muhula na sikumwona tena, kwa hiyo sina ile hadithi tamu ya kwamba leo ni mkurugenzi na sisi tunaomba kazi kwake. Na sheria za siri haziishi kidato cha nne. Ziko kwenye kamati ya harusi, ziko kikobani, ziko kwenye grupu la ukoo ambako shangazi mmoja akiandika "Asubuhi njema" watu thelathini wanaitikia na mwingine akiandika hivyo hivyo anajibiwa na mume wake. Ukijifunza kuzisoma ukiwa na miaka kumi na tano, utakuwa umeanza mapema tu, hilo ndilo ninaloweza kulisema bila kuona aibu.

Na wengine mnaosoma barua ya mwenzenu, msichanganye mambo. Kununiwa ni jambo moja. Kupigwa, kudaiwa hela ya ulinzi, kutishiwa, au mtu kushika picha yako ya utupu na kukuendesha nayo ni jambo jingine kabisa, na hilo haliandikiwi daftari. Mwambie mzazi, au mwalimu wa ushauri nasaha unayemwamini, siku hiyo hiyo. Ukikosa mtu, piga 116, ndiyo namba ya simu ya mtoto, Tanzania na Kenya pia, na hulipii.

Haya, mdogo wangu wa mti. Jumatatu usiende kukaa pale. Pita tu, kama mtu anayekwenda kwenye bomba la maji, wasalimie, "mambo", endelea na safari yako. Watakutazama watano. Wanne watakuangalia mpaka upite. Mmoja ataangalia chini, au atajifanya anafunga kamba ya kiatu. Huyo mfahamu vizuri, ndiye mwenye sura ya huruma. Msubiri awe peke yake kituo cha daladala, umuulize, na akikwambia "mbona hujakosea kitu", usimwache aondoke kama mimi nilivyoondoka. Mwambie, "Najua. Nani aliamua nitolewe kwenye grupu?" Halafu niandikie.